Ndege za Mtoa, 1916: kabla ya rubani kuna fundi

Wandugu, tukisikia vita ya ndege tunawaza rubani tu. Hapa kwetu ziwani ilianza na masanduku.

Mwaka 1916 Rumonge na pwani yetu yote ilikuwa chini ya Mjerumani, na meli yake kubwa, Graf von Götzen, ilikaa Kigoma. Mbelgiji upande wa Kongo akaazimwa na Waingereza ndege nne za kutua majini, Short 827. Zilikuja vipandevipande: meli hadi mdomo wa mto Kongo, treni, stima za mtoni, treni tena mpaka Kalemie. Zikaunganishwa Mtoa, kaskazini kidogo ya hapo.

Mafundi walioletwa toka Ulaya walikuwa wachache. Sasa fikirieni kazi yao: mabawa ni mbao na kitambaa, na jua letu mnalijua. Ziwa likichafuka, mawimbi yanavunja maboya ya ndege. Injini ya nguvu za farasi 150 ikikosa spea, spea iko Uingereza! Injini inaisukuma ndege ile majini, lakini ufukweni ni kazi nyingine. Inataka watu wa kuingia maji ya kiunoni, waishike na kuigeuza. Kazi hiyo mtu anaifunza kwa mkono, kama vijana wa Rumonge wanavyofunzwa mashine za boti: unaanza kumshikia fundi spana, miezi inapita, siku moja anakuachia wewe.

Tarehe 10 Juni 1916 rubani Aimé Behaeghe alikwenda kuipiga Kigoma kwa mabomu. Mwaka huohuo, Desemba, alikufa kwa ugonjwa kule Niemba. Yeye vitabu vinamtaja. Lakini jeshi la Mbelgiji vita ile lilibebwa na wapagazi zaidi ya laki mbili, na ukitafuta jina la hata mmoja wao utachoka. Hilo linatuuma, maana ni mababu wa watu wa ziwa hili.

Na ile meli? Mabomu hayakuizamisha. Wajerumani waliizamisha wenyewe Julai 1916 wakikimbia, ila kwanza mafundi waliokuja kuiunda waliipaka injini grisi nzito. Waingereza waliiibua mwaka 1924, injini bado nzuri. Mwaka 1927 ikarudi kazini kwa jina Liemba. Ndiyo hiyohiyo iliyotuchukua Kagunga Mei 2015 kutupeleka Kigoma.