Kitabu cha Kikamba

Mwaka 1849 mmisionari Mjerumani Johann Ludwig Krapf alifika Kitui kwa Kivoi, mfanyabiashara mashuhuri wa misafara. Mwaka uliofuata, tafsiri yake ya Injili ya Marko kwa Kikamba ikachapishwa Tübingen, Ujerumani. Wasomaji walikuja baadaye sana, shule za misheni zilipoenea baada ya Africa Inland Mission kufungua kituo Nzaui, Makueni, mwaka 1895.

Biblia nzima ilitoka 1956. Miaka miwili kabla yake, John Mbiti wa Kitui alikuwa ametoa hadithi yake, *Mutunga na Ngewa Yake*: hapo Mkamba alishika kalamu kwa ajili yake mwenyewe, na hatua hiyo inastahili heshima kubwa. Mbiti huyohuyo alilitafsiri Agano Jipya kwa Kikamba moja kwa moja kutoka Kigiriki, likatoka 2014.