Ruan Lingyu: Mwigizaji na Wahusika Wake

Mwalimu unayesahihisha insha za fasihi unalijua kosa hili: mtahiniwa anaulizwa amjadili mhusika, naye anaanza kutusimulia masaibu ya mwandishi, kana kwamba yote yaliyompata mhusika yalimpata aliyemuumba. Kwetu kosa hilo hugharimu alama mbili tatu. Jijini Shanghai, mwaka wa 1935, lilichangia kifo.

Ruan Lingyu alizaliwa Shanghai, Uchina, mnamo 1910. Baba yake alifariki yeye angali mtoto, na mama akawa mtumishi katika nyumba ya matajiri. Akiwa na miaka 16 alijiunga na kampuni ya filamu ya Mingxing. Wakati huo alikuwa akiishi na Zhang Damin, mwana wa familia hiyo iliyomwajiri mama yake. Kumbuka kwamba filamu hizo zilikuwa bubu. Maneno machache yaliandikwa kwenye kiwambo, baina ya picha na picha. Yaliyosalia ilibidi yasemwe na uso, mabega, mikono na mwendo.

Sifa zake zilivuma hasa baada ya kuingia kampuni ya Lianhua mnamo 1930, na kilele chake, kwa maoni yangu, ni The Goddess ya mwaka wa 1934, iliyoongozwa na Wu Yonggang. Jina la filamu hiyo kwa Kichina, Shennü, lina maana ya mungu wa kike, lakini mitaani lilimaanisha kahaba. Kinaya kinaanzia hapo. Mhusika mkuu hana hata jina. Usiku anajiuza, mchana ni mama anayemlea mwanawe na kumlipia karo. Jambazi mmoja, mcheza kamari, anamnyang'anya pesa. Katika picha moja tunamwona mama sakafuni, amemkumbatia mtoto, nasi tunawatazama kupitia katikati ya miguu ya jambazi aliyesimama mbele yao. Hakuna neno linalotamkwa, na mtazamaji amekwisha kujua ni nani mwenye nguvu. Baadaye wazazi wengine wanalalamika, mtoto anafukuzwa shuleni, na mwalimu mkuu aliyemtetea anajiuzulu. Mama akigundua kwamba akiba yake imeibwa ikaishia kwenye kamari, anampiga jambazi kwa chupa na kumuua. Anafungwa miaka 12. Gerezani anamwomba mwalimu yule amwambie mtoto kwamba mama yake alikwisha kufa.

Mwaka wa 1935 aliigiza katika New Women ya Cai Chusheng. Humo yeye ni Wei Ming, mwalimu na mwandishi anayejiua huku magazeti yakimchafulia jina. Kisa kilitokana na maisha ya Ai Xia, mwigizaji aliyejiua mnamo 1934. Waandishi wa magazeti ya Shanghai walikasirishwa na jinsi walivyosawiriwa. Wakati huohuo Zhang Damin, ambaye Ruan alikuwa ameachana naye, alimshtaki pamoja na Tang Jishan, mfanyabiashara wa chai aliyekuwa akiishi naye. Magazeti yakaidaka kesi hiyo kana kwamba ni sura nyingine ya filamu. Tarehe 8 Machi 1935, kabla kesi haijasikizwa, Ruan alijiua. Alikuwa na miaka 24.

Mwandishi mashuhuri Lu Xun aliandika insha mwaka huohuo akiyashutumu magazeti: mbele ya wakubwa hayana ubavu, lakini kwa mwanamke asiye na pa kujitetea yana nguvu tele. Wala sisi tunaonunua magazeti hatutoki humo safi.

Hata wanaomsifu leo husema aliigiza maisha yake mwenyewe. Wanadhani wanampa heshima, kumbe wanampokonya kazi yake. Mama wa The Goddess ana mwana wa kiume. Ruan alikuwa na binti aliyemchukua kumlea. Mwanafunzi akikuambia kwamba Ruan alijiigiza tu, mwulize: ni lini alimuua mtu kwa chupa?