Redio Binafsi na Rap ya Kiswahili: Historia Inayotoka Dar es Salaam Hadi Jabe

Anayetaka kujua kwa nini kijana wa Jabe, hapa Bujumbura, anaweza kuchana kwa Kiswahili bila kuona haya, aanzie Dar es Salaam. Jabe iko upande wa Bwiza na Buyenzi, ambako Kiswahili ni lugha ya sokoni na ya nyumbani, na rap yake ina asili ya mbali, huko Tanzania. Mwaka 1991 mwanarap Saleh Jabir alishinda shindano la Yo! Rap Bonanza, baada ya kuchukua mdundo wa Vanilla Ice na kuujazia maneno ya Kiswahili. Lakini enzi hizo mawimbi yalikuwa ya serikali peke yake. Sheria ya utangazaji ya 1993 ndiyo iliyoruhusu redio binafsi, na 1994 Radio One ikaanza. Katika kipindi chake cha DJ Show, watangazaji Taji Liundi na Mike Mhagama wakazipa nafasi nyimbo za vijana wa nyumbani. Clouds FM ikafuata mwishoni mwa miaka ya 1990.

Wapo watakaosema redio haikuzaa kitu, kwa kuwa kundi la rap la Kwanza Unit walikuwa wameshaungana 1993, na kanda zilikuwa zikipita mkono kwa mkono. Ni kweli, kuzaa haikuzaa. Ililea, na malezi si kazi ndogo: kanda ilimfikia aliyeitafuta, wimbo wa redioni ukamfikia hata asiyeutafuta, wakiwemo wazazi walioiona rap kuwa uhuni. Wengine hulalamika kwamba redio iligeuka bawabu, na mwanarap Sugu alizozana na Clouds hadharani kwa sababu hiyo. Lalamiko hilo nalipokea kwa uzito, ila linathibitisha nguvu ya redio, na dawa yake ni redio nyingi zaidi.

Burundi inaifahamu nguvu hii ya redio kwa uchungu. Studio Ijambo, ya kutengeneza vipindi vya redio, ilianza 1995, Radio Publique Africaine (RPA) 2001, Redio Isanganiro 2002, na kila moja ilipanua nafasi ya sauti za raia. Katikati ya Mei 2015, wakati wa jaribio la mapinduzi, redio za RPA, Bonesha, Isanganiro na Renaissance zilishambuliwa, zikanyamaza. Redio ikizimwa kwa sababu ya habari zake, muziki nao huzimika, maana mtambo ni ule ule. Kwa hiyo anayeipenda rap ya Jabe hana budi kuutetea uhuru wa mtangazaji wa habari kama anavyomtetea mwimbaji.