Athari za muda mrefu za sumu: daktari anaandika nini?

Mtu aliyekulia Mombasa anapohamia Ganshoren, mojawapo ya manispaa 19 za jimbo la Brussels, huhama na mwili wake pamoja na yote yaliyoupata. Kama mwilini humo iliwahi kuingia sumu, daktari mpya hataijua asipoelezwa. Na asipoiandika, hospitali nayo haitaihesabu.

Msimbo ni nini?

Kila ugonjwa una alama yake ya herufi na tarakimu, yaani msimbo, katika Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa unaosimamiwa na Shirika la Afya Duniani, WHO. Toleo la 10 liliidhinishwa mwaka 1990. Toleo la 11 lilianza kutumika rasmi Januari 1, 2022, lakini kila nchi inahamia huko kwa mwendo wake.

Katika toleo la 10, sumu zisizo dawa za hospitali zimewekwa kati ya T51 na T65. Madini ya risasi ni T56.0, gesi ya kaboni monoksaidi ni T58, na viuatilifu ni T60.

Athari zinazobaki baada ya sumu hizo kupita zina msimbo wake: T97. Hutumika pale daktari anapotamka kuwa maradhi ya leo ni matokeo ya sumu ya zamani, au maradhi hayo yanapokuwapo mwaka mmoja au zaidi baada ya tukio.

Sumu iliyobaki na kovu lililobaki

Hapa ndipo wengi hukosea. T97 haitumiki kwa mtu ambaye sumu ingali mwilini mwake, au anayeendelea kuivuta au kuila. Huyo huandikiwa msimbo wa sumu yenyewe.

Chukua mfano wa mtu aliyeingiza jiko la mkaa chumbani usiku wa baridi. Kaboni monoksaidi hutoka katika damu kwa muda wa saa chache hadi siku moja hivi, lakini ubongo uliokosa oksijeni waweza kubaki na udhaifu wa kumbukumbu kwa miaka. Sumu imekwenda, kovu limebaki. Faili lake laweza kuwa na misimbo mitatu: kwanza G93.1, uharibifu wa ubongo kwa kukosa oksijeni. Kisha T97, asili yake. Na Y86, kwamba ilikuwa ajali.

Risasi ni kinyume chake. Katika damu hupungua kwa wiki na miezi, ila sehemu kubwa hujificha mifupani na kukaa humo kwa miongo. Wakati wa ujauzito au uzeeni yaweza kurudi tena katika damu. Kwa hiyo mtu aliyeacha kuivuta miaka kumi iliyopita huenda bado ana sumu yenyewe, na kumwandikia T97 peke yake ni kumwambia daktari ajaye kwamba hakuna tena cha kupima.

Funzo la Owino Uhuru

Wakazi wa Owino Uhuru, mtaa wa Mombasa wenye watu wapatao 3,000, wanaijua tofauti hiyo. Jirani nao kilijengwa kiwanda cha kuyeyusha betri chakavu za magari ili kupata risasi. Kiwanda hicho kilifungwa mwaka 2014.

Bi Phyllis Omido, aliyewahi kuajiriwa hapo, alianza kampeni baada ya mtoto wake mchanga kugunduliwa kuwa na risasi mwilini. Mwaka 2015 alitunukiwa Tuzo ya Mazingira ya Goldman.

Julai 2020, Mahakama ya Mazingira na Ardhi mjini Mombasa iliamuru wakazi walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.3 za Kenya. Mahakama ya Rufaa iliitengua hukumu hiyo, lakini Desemba 2024 Mahakama ya Juu iliirejesha.

Kufungwa kwa kiwanda hakukufunga madhara. Mtoto aliyepata risasi akiwa mdogo huweza kubaki na ugumu wa kujifunza. Mtu mzima, shinikizo la damu au maradhi ya figo. Faili likitaja figo tu bila kutaja risasi, chanzo cha ugonjwa hupotea.

Kutoka T97 hadi herufi S

Anayeitafuta T97 katika hospitali za Ubelgiji hataiona. Tangu mwaka 2015 hospitali hizo hutumia toleo liitwalo ICD-10-BE, lililojengwa juu ya lile la Marekani. Humo, athari ya baadaye huonyeshwa kwa herufi S mwishoni mwa msimbo wa sumu. Athari za risasi iliyoingia mwilini kwa bahati mbaya huandikwa T56.0X1S, za gesi ya mkaa wa nyumbani, T58.2X1S. Maana ni ileile, na ugonjwa wa leo hutangulia vilevile.

Misimbo hiyo huwekwa na mtaalamu anayesoma maneno ya daktari baada ya mgonjwa kuruhusiwa kwenda nyumbani. Haruhusiwi kukisia. Daktari akiandika "kusahau" bila kutaja gesi, mtaalamu ataandika kusahau.

Mambo ya kumweleza daktari

Mgonjwa anashauriwa kutaja mambo manne: jina la sumu, mahali ilipompata, tarehe ya mwanzo na ya mwisho, na majibu ya vipimo, hata vya zamani. Aulize pia kama sumu hiyo bado yaweza kupimwa.

Sheria ya Ubelgiji ya Agosti 22, 2002, kuhusu haki za mgonjwa, inamruhusu kusoma faili lake na kupata nakala.

Msimbo peke yake haumpi mtu fidia, wala si hukumu dhidi ya yeyote. Lakini huunganisha ugonjwa wa leo na sumu ya jana, na bila kiungo hicho ni vigumu kwa tabibu kutibu chanzo au kwa mwanasheria kukithibitisha.