Mtoto akizaliwa huntha: kipi ni cha haraka, kipi kinaweza kusubiri

Baadhi ya watoto huzaliwa na viungo vya siri ambavyo mkunga hawezi kusema papo hapo kama ni vya kike au vya kiume. Mtoto huyo huitwa huntha. Si laana, na mama hana kosa.

Kwa miaka mingi jibu la hospitali nyingi lilikuwa upasuaji. Kuanzia miaka ya 1950, mwanasaikolojia John Money na wenzake huko Johns Hopkins, Marekani, walifundisha kwamba mtoto apangiwe jinsia mapema, viungo vyake virekebishwe vilingane nayo, na wazazi wasioneshe shaka.

Waliohoji utaratibu huo ni pamoja na wanazuoni wa ufeministi. Mwaka 1990 Suzanne Kessler alichapisha utafiti baada ya kuzungumza na madaktari bingwa wa watoto hawa. Aligundua kuwa uamuzi haukuhusu afya peke yake: walipima pia kama kiungo kinatosha kuwa cha mvulana, au ni kikubwa mno kwa msichana. Je, hapo anatibiwa mtoto, au wasiwasi wa watu wazima? Mwaka 1993 Cheryl Chase, ambaye mwenyewe alifanyiwa upasuaji huo utotoni, alianzisha chama cha mahuntha Marekani. Watu wazima wakaanza kusimulia makovu, maumivu na kupoteza hisia.

Swali hilo litakusaidia hata wewe mbele ya daktari.

Yapo mambo yasiyosubiri. Baadhi ya watoto hawa wana tatizo la tezi zilizo juu ya figo, na mwili hupoteza chumvi. Katika wiki chache za mwanzo mtoto hutapika, hashiki ziwa vizuri, hulegea na kupungua uzito. Ukiona dalili hizo mpeleke hospitali siku hiyohiyo, kwa sababu anaweza kufa, ilhali dawa zipo. Mtoto asiyeweza kukojoa naye ni dharura.

Kupunguza kisimi ili kionekane "cha kawaida" si dharura. Muulize daktari: tukisubiri mpaka mtoto aweze kusema mwenyewe, atadhurika nini? Jibu likiwa ni mwonekano tu, au maneno ya watu, una haki ya kusema bado. Unaweza kumpa jina na kumlea kama msichana au mvulana bila kumpasua (wengi hawajui hili).

Nchini Kenya, sensa ya 2019 ilihesabu mahuntha 1,524. Sheria ya Watoto ya 2022 inamtambua mtoto huntha, na inakataza kubadilisha viungo vyake bila ushauri wa daktari bingwa wa jenetiki. Ukishauriwa upasuaji huko, uliza daktari huyo ni nani na uombe kuzungumza naye kabla ya kutia sahihi.