Picha za kumbukumbu katika filamu za makala: Karagwe na Kyerwa

Picha za kumbukumbu ni mikanda, picha mnato na sauti zilizorekodiwa zamani kwa shabaha nyingine, kisha zikaingizwa katika filamu mpya ili kuthibitisha jambo au kulihoji. Mwaka 1927 Mrusi Esfir Shub alijenga filamu nzima kwa mikanda ya watu wengine, akiwaonyesha watazamaji anguko la ukoo wa Romanov kwa picha walizojipigisha wenyewe.

Kwa Karagwe na Kyerwa, wilaya za mkoa wa Kagera, kaskazini-magharibi mwa Tanzania, kikwazo cha kwanza ni majina. Mkoa wa Kagera uliitwa Ziwa Magharibi hadi 1979. Kyerwa ilikuwa ndani ya wilaya ya Karagwe hadi 2012, hivyo mkanda wa zamani wa Murongo au Nkwenda hutafutwa kwa jina la Karagwe, pengine hata la Bukoba. Mapori ya akiba ya Ibanda na Rumanyika nayo yakawa hifadhi za taifa mwaka 2019. Anayetafuta kwa majina ya leo tu atatoka mikono mitupu.

Enzi ya Mfalme Rumanyika wa Karagwe haina picha jongevu. Wapelelezi wa Uingereza Speke na Grant walipopokewa Bweranyange, makao ya mfalme huyo, Novemba 1861, sinema ilikuwa bado haijabuniwa. Grant, aliyebaki Karagwe akiuguza mguu wakati mwenzake akielekea Buganda, alichora kwa rangi za maji. Michoro hiyo ina thamani kubwa, lakini ni jicho la mgeni, na filamu haina budi kulisema hilo.

Majeshi ya Idi Amin wa Uganda yalipovamia Kagera mwishoni mwa Oktoba 1978, Tanzania Bara haikuwa na televisheni; ilikuja 1994. Ndiyo maana filamu ya Vita vya Kagera (1980), iliyotengenezwa na Audio Visual Institute ya Dar es Salaam, ni hazina ya pekee. Sauti tunazo zaidi, ikiwemo hotuba ya Mwalimu Nyerere ya Novemba 2. Kuitandaza sauti hiyo juu ya picha za askari wa siku nyingine bila kumwambia mtazamaji ni udanganyifu.

Aprili 1994, Wanyarwanda wapatao 250,000 waliokimbia mauaji ya kimbari walivuka mpaka wa Rusumo kwa muda wa siku moja hivi, na kamera za dunia zikajaa kambi ya Benaco, wilayani Ngara. Karagwe nayo ilipokea wakimbizi, katika kambi kama Chabalisa na Omukariro. Kuazima picha za Benaco ili zisimame badala ya Chabalisa ni kuwafuta watu waliokuwepo. Maandishi ya chini ya picha yataje kambi, tarehe na mpigaji.

Kinachosahaulika ni kanda za VHS za harusi, ibada na mikutano zilizomo majumbani. Humo Wanyambo, wenyeji wa Karagwe, wanazungumza wao kwa wao, wala hawamwelezi mgeni. Ridhaa ya familia iombwe kwanza, kisha zinakiliwe kidijitali mapema: zinashambuliwa na ukungu, na Funai ya Japani, kampuni ya mwisho kujulikana kwa kutengeneza deki za VHS, iliacha mwaka 2016.