Bandari ya Port Bell na Mtaa wa Luzira: Historia Fupi Tangu 1908

Bandari ya Port Bell iko Luzira, katika tarafa ya Nakawa, kiasi cha kilomita kumi kusini-mashariki ya kitovu cha jiji la Kampala, kwenye kichwa cha Ghuba ya Murchison, ambayo ni mkono mwembamba wa Ziwa Viktoria unaoingia nchi kavu hadi karibu na vilima vya jiji. Uganda haina bahari, lakini ina pwani. Na watu wa Luzira, Ggaba na Munyonyo wamekuwa watu wa pwani kwa maana zote za neno hilo, kwa kuwa riziki yao, safari zao na maafa yao makubwa yamefuata maji. Waganda huliita ziwa hilo Nalubaale, jina linalohusishwa na lubaale, yaani mizimu mikubwa ya dini yao ya jadi, na mahali pa kutia mitumbwi hupaita omwalo, neno ambalo wavuvi Waswahili wa upande wa Tanzania nao wanalo kwa sura ya mwalo. Historia ya Port Bell ni historia ya mwalo uliogeuzwa bandari kwa amri ya serikali, na ya mtaa uliozaliwa na bandari hiyo kisha ukaishi hata pale bandari yenyewe ilipokaribia kufa.

Ghuba ilikuwa njia kuu muda mrefu kabla ya 1908. Ufalme wa Buganda ulikuwa na kundi kubwa la mitumbwi ya mbao zilizoshonwa kwa nyuzi, na mkuu wake alikuwa chifu mwenye cheo cha Gabunga, aliyetoka katika ukoo wa Mamba, ambao mwiko wake ni samaki kamongo. Mpelelezi John Hanning Speke aliyekaa katika ikulu ya Kabaka, yaani mfalme, Mutesa wa Kwanza mwaka 1862 aliiona ghuba hii na kuipa jina la mwanajiolojia Mwingereza Roderick Murchison. Naye Henry Morton Stanley alipokelewa na Kabaka huyo huyo kandokando ya ghuba, mahali paitwapo Usavara, mnamo Aprili 1875. Munyonyo, upande wa magharibi wa ghuba, palikuwa na makao ya Kabaka Mwanga ya ufukweni, na ndipo alipokuwa mwishoni mwa Mei 1886, mauaji ya vijana Wakristo wa ikulu yalipoanza. Munyonyo hiyo hiyo ndiyo iliyotumika kama gati ya Kampala katika miaka ya mwanzo ya ukoloni, kabla shughuli hazijahamia Luzira.

Haja ya bandari mpya ilitokana na reli. Reli ya Uganda, iliyoanza Mombasa mwaka 1896, ilifika ziwani Kisumu, wakati huo Port Florence, mnamo Desemba 1901, na kwa miaka mingi baada ya hapo haikusogea kuja Uganda licha ya jina lake. Kilichounganisha Uganda na reli yake ni meli. Meli hizo ziliundwa Uingereza, zikafunguliwa vipande vipande, zikasafirishwa hadi Kisumu na kuunganishwa upya huko: ya kwanza, William Mackinnon, iliteremshwa majini mwaka 1900, kabla hata ya reli kufika, zikafuata Winifred, Sybil na Clement Hill. Inafaa kukumbuka kwamba neno meli lenyewe liliingia Kiswahili kutoka neno la Kiingereza la barua, kwa sababu ya vyombo vilivyobeba barua; kutoka Kiswahili likapita hadi Luganda likawa mmeeri, kama ambavyo eggaali y'omukka ya Waganda ni gari la moshi la Waswahili. Lugha ya Pwani ilikuwa imefika Buganda na misafara ya biashara, ikapata nguvu na askari, kisha reli na meli zikaifanya lugha ya kazi gatini. Sehemu hii ya historia ya Kiswahili nchini Uganda haijapewa uzito unaostahili.

Bandari ilianzishwa mwaka 1908 na kupewa jina la Sir Henry Hesketh Bell, aliyefika Uganda mwaka 1906 akiwa kamishna, akawa gavana kuanzia mwaka uliofuata hadi 1909. Wengi wanaolitamka jina hilo leo hawajui kwamba mtu huyu ndiye aliyeamuru wakazi waondolewe kwenye mwambao ule ule uliopewa jina lake. Mwaka 1901 madaktari Albert na Jack Cook wa Hospitali ya Mengo walitambua wagonjwa wa kwanza wa malale, ugonjwa wa usingizi ambao Waganda waliuita mongoota; na mwaka 1903 tume ya wanasayansi iliyofanya kazi Entebbe, akiwamo David Bruce, ilithibitisha kwamba kiini chake ni kijidudu cha damu kinachoenezwa na mbung'o, nzi mwuma-watu anayependa vichaka vya kivuli kandokando ya maji. Katika miaka michache ya mwanzo wa karne, ugonjwa huo uliua zaidi ya watu 200,000 katika Buganda, Busoga na visiwa. Dawa ya kuuponya haikuwapo. Bell aliamua kwamba kama nzi hawezi kuondolewa, basi aondolewe binadamu; kwa makubaliano na machifu wa Buganda, wakiongozwa na Katikkiro, yaani waziri mkuu, Apolo Kaggwa, ukanda wa pwani wenye upana wa maili mbili ukaamriwa uachwe wazi, na baadaye, kufikia 1909, hata wakazi wa visiwa vya Ssese wakahamishwa bara.

Jambo hili halipaswi kupitwa haraka. Jamii zilizokuwa zikivua, zikiunda mitumbwi na kuvusha watu kwa vizazi vingi ziling'olewa, nyumba zao zikaachwa kwa pori, na ujuzi wa maji uliokuwa mikononi mwa koo kadhaa ukatawanyika. Wakati huo huo serikali iliruhusu sehemu chache tu za kutia nanga, kwa sharti kwamba vichaka vyake vifyekwe hadi nzi akose kivuli. Kwa hiyo bandari mpya iliota juu ya pwani iliyokuwa inaondolewa watu wake, na ilipohitaji wachukuzi, mabaharia, mafundi na makarani, haikuwapata kutoka kijiji cha kale kilichokuwa kando yake. Iliwavuta kutoka kila upande. Hapa ndipo inapoanzia sifa ya Luzira ambayo mgeni huiona hata leo, ya kuwa mtaa wa watu mchanganyiko, usio wa ukoo mmoja wala lugha moja.

Biashara iliyoipa bandari uhai ilikuwa pamba, iliyoanza kulimwa kwa ajili ya soko la nje mwaka 1903. Marobota yalishuka kutoka Kampala hadi ziwani, yakavushwa hadi Kisumu, yakapanda gari la moshi hadi Mombasa. Kufikia 1915 reli fupi ilikuwa imeunganisha Kampala na Port Bell, na kwa zaidi ya miaka kumi na mitano njia hiyo ya kilomita chache, iliyotengana na mtandao mwingine wote wa reli, ndiyo iliyokuwa mlango wa mji mkuu wa biashara wa Uganda. Ukuu huo ulikoma mwaka 1931, pale daraja la Mto Naili lilipofunguliwa Jinja na reli kuu ikafika Kampala kwa nchi kavu. Tangu hapo mzigo wa Mombasa haukulazimika tena kushushwa na kupakiwa mara mbili. Njia ya Port Bell ikawa tawi, na bandari ikabaki na mizigo ya ziwani na abiria wa meli zilizozunguka miji ya mwambao.

Bandari zote huvuta majirani, na majirani wa Port Bell walikuwa wa aina ya pekee. Miaka ya 1920 serikali ilijenga juu ya kilima cha Luzira gereza lililokuja kuwa kubwa kuliko yote nchini, kiasi kwamba kwa Waganda wengi neno Luzira humaanisha gereza kabla ya kumaanisha ziwa. Mwaka 1929, wakati wa kuchimba ardhi kwenye eneo hilo la gereza, vilipatikana vipande vya sanamu za udongo wa kuchomwa, kikiwamo kichwa cha mtu chenye macho yaliyovimba na nywele za mafundo, kinachojulikana na wataalamu kama Kichwa cha Luzira. Hakuna kitu cha kale kutoka mwambao huu kinachokizidi kwa umuhimu. Utafiti wa wanaakiolojia Andrew Reid na Ceri Ashley, uliochapishwa mwaka 2008, unakihusisha na wakati wa mpito kuelekea mwisho wa milenia ya kwanza na mwanzo wa milenia ya pili, karne nyingi kabla ya ufalme wa Buganda kufikia nguvu zake zinazojulikana. Kichwa chenyewe kimekaa katika Jumba la Makumbusho la Uingereza, London, tangu miaka ya 1930, na ni haki kusema kwamba mtoto anayesoma shule Luzira anastahili kukiona bila kuvuka bahari.

Kwa muda Port Bell ilikuwa pia bandari ya anga. Kuanzia 1937 ndege za majini za kampuni ya Imperial Airways, yaani ndege zenye tumbo la mashua ambazo huruka na kutua juu ya maji, zilitua ghubani zikiwa safarini kati ya Southampton na Durban. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia shirika la BOAC liliendeleza huduma hiyo hadi 1950. Mwaka 1946 kikafuata kiwanda cha bia cha Uganda Breweries, kilichojengwa jirani na gati, na bia yake ya Bell ikalisambaza jina la gavana yule hadi vijiji ambavyo havijapata kuliona ziwa. Mwaka 1955 ilifunguliwa Hospitali ya Butabika, ya magonjwa ya akili, nyuma ya vilima vya upande wa mashariki. Gereza, kiwanda na hospitali vililetwa pembeni mwa mji kwa sababu mji haukuvitaka katikati yake. Lakini askari magereza, wafanyakazi wa kiwandani, wauguzi na makuli wa bandari walihitaji nyumba, soko na shule, na mahitaji hayo ndiyo yaliyoijaza mitaa ya Luzira na Kitintale.

Miaka ya 1960 bandari ilipata maisha ya pili. Mvua kubwa za 1961 na miaka iliyofuata zilipandisha ziwa zaidi ya mita mbili na kuzamisha gati nyingi za zamani, lakini katika muongo huo huo ziliwasili meli pacha Umoja na Uhuru, ambazo ni vivuko vya mabehewa: reli inashuka hadi ukingo wa maji, mabehewa yanasukumwa moja kwa moja juu ya sitaha yenye reli zake, na upande wa pili yanavutwa na injini nyingine bila gunia hata moja kuguswa. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977 na mali zake kugawanywa, Uganda ilijikuta haina chombo cha aina hiyo. Shirika la Reli la Uganda likaagiza Ubelgiji vivuko vitatu vilivyoanza kazi miaka ya 1980, vikaitwa Kabalega, Pamba na Kaawa: jina la mfalme wa Bunyoro aliyewapinga wakoloni, na majina ya mazao mawili yaliyolisha nchi, kwani kaawa ni kahawa kwa Luganda. Kwa vivuko hivyo Port Bell iligeuka kuwa mlango wa njia ya kusini, kupitia Mwanza na Tabora hadi Dar es Salaam, na nchi iliyozungukwa na ardhi ikawa na njia ya pili ya kufikia bahari.

Kisha yakaja magugumaji. Mmea huo wa Amerika ya Kusini, unaoelea na kuongezeka upesi, ulionekana ziwani mwishoni mwa miaka ya 1980, na kufikia katikati ya muongo uliofuata ulikuwa umeifunika ghuba kiasi cha kuzuia meli kufika gatini. Ulipungua mwishoni mwa miaka ya 1990, baada ya fukusi wanaoula kuachiwa majini. Ghuba ilikuwa dhaifu tayari. Mfereji wa Nakivubo hukusanya maji machafu ya Kampala na kuyapitisha katika kinamasi kilicho kati ya Bugolobi na Luzira kabla ya kuyamwaga karibu na bandari, na mafunjo ya kinamasi hicho ndiyo kichujio cha asili kati ya uchafu wa jiji na mitambo ya Ggaba, inayovuta maji ya kunywa ya jiji hilo hilo kutoka ghuba hiyo hiyo. Kila kipande cha kinamasi kinachofukiwa kwa ajili ya kiwanda, shamba la magimbi au nyumba ni kichujio kinachopunguzwa, na wa kwanza kuumia ni wavuvi wa Luzira na Ggaba.

Tarehe 8 Mei 2005 Kabalega na Kaawa ziligongana ziwani na Kabalega ikazama. Huduma ya mabehewa ilidorora hadi ikasimama, na kwa zaidi ya muongo mmoja mtaa uliozaliwa na bandari uliishi kwa samaki, kwa kiwanda, kwa mishahara ya magereza na kwa mitumbwi ya mbao iliyopeleka abiria na bidhaa visiwani. Mwaka 2018 kivuko Umoja cha Tanzania kilianza tena kuleta mabehewa kutoka Mwanza, zaidi ya nusu karne tangu kilipoundwa. Miaka miwili baadaye, Mei 2020, ziwa lilifikia kimo cha mita 13.42 kwenye kipimo cha Jinja, sentimita moja juu ya rekodi ya 1964, na maji yakaingia katika gati, masoko ya samaki na nyumba kuanzia Luzira hadi Ggaba na Munyonyo. Serikali inaandaa bandari mpya kubwa zaidi huko Bukasa, wilayani Wakiso. Port Bell ingali inapokea mabehewa, juu ya reli ile ile inayoshuka kutoka Kampala na kuishia ukingoni mwa maji.